Rangi Aliyoichagua Lucas

Machi 3
Nimefika Guangzhou juzi. Nilikuja na maneno yangu tayari. Mwanamume aliyekaa China miaka ishirini, anarudi Makambako Krismasi na Pasaka tu, halafu ghafla anampigia mkewe simu na kumwambia "njoo unisaidie msimu mmoja," huyo ana jambo. Mimi nilidhani jambo lenyewe limevaa sketi. Nimefungua kabati, nimepekua mifuko ya makoti, nimenusa hadi mito. Sijapata kitu. Chumba ni kisafi kupita kiasi, kila kitu kipo mahali pake, na nikisogeza kikombe hata kidogo Lucas anakasirika. Sikumjua kuwa mtu wa usafi.

Machi 5
Kuta zinatoka jasho. Maji yanachuruzika kutoka kwenye vigae vya korido na sakafu inateleza. Wenyeji wanasema ndiyo majira yake, yatapita. Nguo nilizofua juzi bado mbichi.

Machi 9
Leo nimetembezwa maduka ya jumla ya barabara ya Zhanqian, yale ya karibu na stesheni ya treni. Aliyetutembeza ni Samwel, kijana wa Kahama anayenunua makoti na suruali za watoto. Ana heshima sana, shikamoo yake inaanzia ng'ambo ya barabara. Tukakutana na Watanzania wawili waliofika juzijuzi, na Samwel akawaambia, "Huyu ndiye mama. Mke wa mfungua njia." Wale vijana wakanipa mkono kwa mikono miwili.

Kisha akawasimulia, nami nikasikiliza kama mgeni. Kwamba Lucas alishuka hapo stesheni bila neno hata moja la Kichina, mfukoni ana kipande cha jinzi. Akawa anamwonyesha kila mtu kile kipande, anaonyeshwa njia kwa kidole, akatembea kwa miguu siku tatu hadi Xintang kwenye viwanda vya jinzi, akilala chini ya madaraja, asile kitu. Akafika, akagonga geti la kiwanda, akanyoosha kile kipande, na bosi akamfungulia. Ndivyo mikoa yetu ilivyoanza kuvaa.

Lucas alikuwa amesimama pembeni, kichwa ameinamisha, anatabasamu.

Mimi alinisimulia mwenyewe mwaka ule aliporudi mara ya kwanza, tukiwa na duka la mlango mmoja. Alipanda basi. Kulikuwa na Mmali aliyekaa hapa miaka mitatu tayari, ndiye aliyemkuta stesheni anatetemeka, akamlisha, akamlipia nauli, akampeleka hadi ndani ya kiwanda, akamsemea. Zamani mtu akisimulia habari za madaraja Lucas alikuwa anamkatiza: "Hapana, nilipanda basi." Sijui aliacha lini kukatiza. Kwetu wanasema Lucas alifungua China, kana kwamba ilikuwa kopo. Na sijawahi kusikia hadithi ya mfungua njia inayomtaja aliyebaki akifungua duka kila asubuhi.

Machi 17
Mvua, na kuta bado zinatoka jasho. Nimemuuliza Lucas kama huwa anapata ugali hapa, akasema anapata.

Machi 22
Leo kimetokea kitu. Tulikuwa tunaingia duka moja Zhanqian, na mlangoni kuna sanamu la plastiki lililovalishwa koti. Lucas akaliinamia, akaliambia "ni hao" kama wanavyosalimiana hapa, akangoja kujibiwa. Samwel na wenzake wakacheka hadi wakashikana mabega. "Mzee ana utani huyu." Mimi nami nilicheka. Kisha nikauona uso wa mume wangu, na haukuwa uso wa mtu aliyetania.

Machi 23
Asubuhi nilimwambia, "Baba Kissa, jana ulimsalimia sanamu."

"Nilitania."

"Hukutania."

Akakitafuta kikombe kwa vidole, na hapo nikaelewa kwa nini kikombe hakitakiwi kusogezwa.

"Jicho la kushoto limekufa tangu Novemba," akasema. "La kulia lina utando. Kuna siku unafunguka, kuna siku unafunga. Ndiyo sababu nilikuita."

Ni kisukari. Dawa alizoandikiwa Dar miaka sita iliyopita alizimeza mwezi mmoja akaacha, kwa kuwa alijisikia mzima. Kitu cha kwanza nilichosikia moyoni ni nafuu, kwamba hakuna mwanamke. Cha pili ni aibu ya hiyo nafuu. Hasira ilikuja ya tatu, nayo ndiyo imebaki. Nilimuuliza nani anajua. Akasema hakuna, na hakuna atakayejua, kwa sababu watu wa Makambako, Njombe na Mafinga hawatumi oda kwa mtu, wanazituma kwa jina. Nikasema jina halina macho. Akasema ndiyo maana nipo.

Aprili 2
Tumepata namna ya kufanya kazi. Ninasimama upande wake wa kulia, nabeba begi, namtajia mambo kwa Kibena kwa sauti ya chini: rangi, mshono, kama kuna doa. Yeye anajibu wauzaji kwa Kichina chake. Wauzaji wanadhani tunapanga bei kwa siri, wanashusha wenyewe. Sitaki kusema uongo, siku nyingine inanifurahisha. Miaka yote ya ndoa hatujawahi kufanya kazi bega kwa bega.

Aprili 11
Taa za soko la vitambaa la Zhongda zinamuumiza jicho, kwa hiyo akishika kitambaa anafumba macho na kukisugua kati ya kidole gumba na cha shahada. Vidole vyake, hilo namvulia kofia, ni vya ajabu. Anakwambia uzi huu umechanganywa nailoni, huu ukifuliwa mara tatu utanyauka, na hakosei. Samwel alikuwa nyuma yetu. Nikamsikia anamwambia mwenzake, "Unaona? Mzee haangalii kitambaa, anakisikiliza. Macho yanadanganyika, mkono haudanganyiki."

Nilitaka kugeuka niseme kitu. Sikusema.

Aprili 19
Maonyesho makubwa ya biashara yameanza, mji umejaa, vyumba vimepanda bei. Zhongda leo nimeona vijana watatu wa kwetu wamesimama mbele ya majora, wamefumba macho, wanasugua vitambaa. Muuzaji, msichana mdogo, amewakodolea macho, hajui kama wanasali. Nilicheka hadi nikajiegemeza ukutani. Nilipomsimulia Lucas hakucheka, ila nilimwona amefurahi, na furaha yake ikanitia wasiwasi kuliko ule utando.

Aprili 26
Mama Huang ana duka la kitambaa Zhongda na amemuuzia Lucas tangu wote wawili wana nywele nyeusi. Leo alimtuma Lucas ndani akanywe chai, akanivuta pembeni, akaiongelesha simu yake Kichina. Simu ikasema kwa Kiswahili cha mashine, "Mume wako haoni. Muda mrefu. Kwa nini hospitali hapana?"

Nilimuuliza amejuaje. Simu ikajibu, "Yeye zamani anagombana nami kuhusu rangi. Sasa hagombani."

Watu wetu wanamtazama kila siku na hawajaona. Mama huyu, ambaye hajui kama Lucas amefungua kitu chochote duniani, ameona. Nilimshika mkono.

Mei 4
Jumapili. Baada ya misa tulimkaribisha Elinami, binti wa Same anayesomea udaktari hapa kwa ufadhili wa serikali, mwaka wa tano. Nilipika ugali na mboga za majani zinazofanana kidogo na mchicha. Lucas akajimiminia chai, nayo ikajaa, ikamwagika, ikafika kwenye mapaja yake ndipo akashtuka. Elinami hakusema kitu hadi tulipomaliza kula. Kisha akaomba kwa adabu, "Baba, naomba nikumulike jicho kidogo na tochi ya simu. Najifunza tu." Lucas akaona haya kumkatalia mtoto.

Alimaliza, akazima tochi, akakaa chini sakafuni mbele yake.

"Baba, mimi si daktari bado. Lakini hili la kulia linavuja damu ndani, kama lilivyovuja la kushoto. Kuna sindano na kuna mionzi, hapa hapa mjini, naweza kwenda nawe nikatafsiri. Ukienda sasa, linaweza kubaki. Ukingoja hadi kiangazi, sitaki kukudanganya, utaishi gizani."

"Nimekusikia, mwanangu," Lucas akasema. Akaulizia masomo yake.

Mei 5
Tumegombana. Namimina hapa yote ili nisiyamimine kwenye korido.

Kwaya ya parokia yetu ina jubilei ya miaka hamsini tarehe 29 mwezi wa sita. Mwenyekiti ni Benedicta, shoga yangu wa siku nyingi, na wameagiza kitambaa cha sare kwa Lucas, rangi ya damu ya mzee. Sampo ya kitambaa nilikuja nayo mimi begini. Lucas anasema akilazwa sasa habari zitafika nyumbani kabla ya kitambaa. Wataanza kuulizana nani alichagua, aliona au hakuona. Anataka amalize hii oda, halafu Juni mwishoni aende kimya kimya. Nikamwambia mficha maradhi kifo humuumbua. Akasema si kifo, ni jicho. Nikamuuliza kama anajisikia anavyosema. Akasema, "Mama Kissa, mimi nje ya hili jina sina kitu. Sikusoma. Sina hata kipaji cha kuongea. Nina hadithi moja tu na watu wameipenda. Ukitaka niende leo, nitakwenda, lakini utakuwa umenivua nguo sokoni."

Hayo ndiyo aliyosema. Na mimi, badala ya kumwambia avae nguo nyingine, nilikubali tungoje. Nimeandika ili nisije nikajidai baadaye kwamba nililazimishwa.

Mei 12
Mvua ya kutwa.

Mei 15
Mvua. Asema utando umefunguka leo. Sikumwamini.

Mei 21
Leo tuligawana kazi, kosa. Kiwanda cha Xintang kiliniita kukagua mshono wa jinzi kabla hazijafungwa, nikaenda peke yangu na nikarudisha marobota mawili yenye zipu mbovu. Bosi alinung'unika lakini akabadilisha. Nilirudi jioni nimelowa hadi mfupa na nimejiona mtu.

Lucas alikuwa Zhongda na Samwel. Nikamkuta anaimba. "Nimeipata damu ya mzee. Mama Huang alisema mei you, hana, tukaenda duka la nyuma. Kitambaa kile kile, Mama Kissa, uzi ule ule, nimekilinganisha na sampo kwa vidole." Nikamuuliza kiko wapi. Kimeshapelekwa kago ya ndege, kwa kuwa muda umebana na mafundi wa Makambako wanakingoja.

Mei 24
Elinami amepiga simu mara mbili. Lucas kaniashiria niseme ametoka. Nikasema ametoka.

Mei 30
Sasa anashika ukuta akienda bafuni, akidhani simwoni.

Juni 5
Leo umefika ujumbe wa sauti kutoka kwa Benedicta. Nauandika nilivyousikia.

"Shoga, shemeji, hamjambo huko. Kitambaa kimefika. Mimi siwafichi, tulipofungua jora tulishtuka kidogo. Zambarau! Tukasema, jamani, hii si ndiyo ya Kwaresima na ya misa za wafu? Lakini wazee wa kwaya wakasema, huyu ni Lucas, hawezi kukosea, yeye ndiye aliyefungua China, atakuwa amejua jambo. Labda huko duniani ndiyo rangi ya jubilei siku hizi. Basi tumekubaliana. Fundi ameshaanza kukata. Mungu awabariki."

Nilikaa kitandani. Lucas alikuwa amesimama katikati ya chumba na uso umemparama.

"Zambarau," akasema.

"Zambarau."

"Lakini uzi ni ule ule." Kama vile kuna anayevaa uzi.

Kisha, na hili ndilo lililonikata maini, akaanza kucheka. Polepole kwanza, halafu kwa raha kabisa, akakaa kwenye kiti, akafuta machozi. "Si unaona? Wamekubali. Hakuna aliyelalamika. Basi limekwisha, Mama Kissa."

Niliwaona kichwani wale watu. Wanakwaya wote, wakiingia kanisani siku ya furaha ya miaka hamsini wamevaa rangi ya kusindikizia maiti, wanatabasamu, kwa sababu mume wangu hawezi kukosea. Na nikamwona yeye hapa, anashangilia. Siku hizi zote nilikuwa namwonea huruma. Leo nilimwogopa.

Juni 6
Nimemtafuta Samwel, nikamkuta anafunga makoti.

"Samwel, siku ile Zhongda ulikuwepo. Kitambaa kilikuwa rangi gani?"

"Zambarau, mama."

"Uliona kabisa?"

"Niliona, mama. Mzee aliniuliza, 'Hii si ndiyo damu ya mzee?' Nikamjibu, ndiyo mzee."

"Kwa nini, mwanangu?"

Alinitazama kama anayeulizwa swali la darasa la kwanza. "Mama, mimi nitamwambia mzee Lucas kwamba amekosea rangi? Nilijua ana sababu yake. Nikasema nikae kimya nijifunze."

Kwa hiyo aliuliza. Lucas aliuliza, na macho mazima yaliyokuwa pembeni yake yakamjibu ndiyo. Nilitaka kumpiga Samwel kofi na nilitaka kumkumbatia. Nikamwambia kesho aje kwetu.

Juni 7
Samwel amekuja na machungwa. Alikataa kiti, akakaa kwenye ndoo, chini kuliko Lucas. Sikuwa nimemwambia Lucas alichoniambia Samwel, nilitaka akisikie mwenyewe. Wala sikulazimika kuanzisha maneno, kijana alianza.

"Mzee, mama ameniuliza habari za zambarau. Nami nimesema leo nije niulize kabisa. Uliona nini kwenye ile rangi?"

Lucas akageuza uso kuelekea dirishani. Nje kulikuwa na ngurumo.

"Sikuona," akasema.

Samwel akatikisa kichwa kwa makini. "Naelewa, mzee."

"Unaelewa nini?"

"Kwamba mtu asitegemee kuona."

"Hapana. Samwel. Sikuona. Niliomba damu ya mzee. Nilikuuliza, ukasema ndiyo."

"Ndiyo, mzee."

"Sasa mbona unasema ndiyo tena?"

Kijana akachanganyikiwa, akanigeukia mimi. Sikumsaidia. Lucas alinyoosha mkono hewani akamtafuta, akamgusa bega, akapanda na vidole hadi shingoni na usoni, kama anavyofanya kwenye vitambaa, na Samwel akaachama.

"Nimekaa nawe miezi yote hii," Lucas akasema, "na sijui sura yako. Unajua hilo? Mimi ni kipofu, mwanangu. Jicho moja halipo, la pili linaondoka. Ninafumba macho kwa sababu taa zinaniumiza. Hakuna siri nyingine."

Nilidhani ndiyo mwisho wa jambo. Lakini taratibu uso wa Samwel ukaanza kung'aa. "Na bado ulinunua," akasema kwa sauti ya chini, ya kanisani. "Kipofu, na bado unawashinda wote wenye macho. Mzee, hii watu lazima waijue."

Hapo Lucas alilia. Sikumwona akilia hata siku ya kumzika mama yake. Alilia kwa sauti, ameshika magoti, na Samwel akasimama na ganda la chungwa mkononi hajui aliweke wapi. Nikamwambia aende, hajakosa. Nilimshika Lucas kichwa nikakiweka tumboni kwangu. Akasema maneno niliyoyasikia kwa shida: "Hata nikiuliza siambiwi. Nikifika ukingoni mwa shimo nikauliza, wataniambia pita mzee."

Ukubwa jalala, walisema wazee, maana yake kila kitu hutupwa kwako. Hawakusema kwamba ukiwa jalala hakuna anayekuambia ulivyo.

Nilimpigia simu Elinami. Safari hii alizungumza naye Lucas mwenyewe.

Juni 10
Hospitali. Foleni, vipimo, matone yanayopanua mboni, foleni tena. Elinami alikuwa anamtafsiria neno kwa neno na hakulainisha kitu, nilimwomba hivyo. La kushoto limekwisha, hakuna wa kulirudisha. La kulia lingekuwa jepesi kutibiwa mwezi uliopita. Sasa watajaribu kulizuia lilipo: ataona mtu, ataona mlango, ataona kumekucha. Nyuzi na rangi za karibukaribu hapana. Mwezi uliopita nilikuwa naitikia simu nikisema ametoka.

Wamemchoma sindano ya kwanza ndani ya jicho. Alinishika mkono mpaka pete ikanikata.

Juni 12
Joto. Nimekwenda Zhongda peke yangu. Mama Huang amenipa chai na amekataa kuzungumza biashara hadi nimweleze habari za jicho. Simu yake ikasema, "Vizuri. Huzuni, lakini vizuri."

Juni 14
Habari zimeanza kuzunguka Zhanqian. Zimenifikia hivi: mzee Lucas hahitaji macho, na amefanyiwa upasuaji wa saa tisa bila ganzi. Samwel amekuja kuapa kwamba si yeye. Namwamini. Alisema amejaribu kuwaambia watu ukweli wenyewe, kwamba mzee anaumwa na alikosea, wakamwita mwenye wivu.

Juni 15
Jumapili. Leo ndiyo siku ya mazoezi ya kwaya, na Lucas alitaka wawepo wote. Akaniomba nipige simu kwa Benedicta na nimwambie aweke sauti ya juu. Nikasikia viti, watoto, mtu anajaribu kinanda.

"Shikamoo mzee," wakasema kwa pamoja, na mabesi nyuma, nikakumbuka nyumbani nikaumwa.

"Marahaba. Benedicta, hiyo rangi sikuichagua." Alikuwa amekaa wima, mikono juu ya magoti. "Sikuiona. Jicho langu la kushoto limekufa tangu mwaka jana, na la kulia nimelichelewesha kwa sababu niliona haya. Niliagizwa damu ya mzee nikanunua zambarau. Ni makosa. Msiivae siku ya furaha."

Mama mmoja wa mbali akasema, sauti ya wasiwasi, "Lakini mzee, si ndiyo mtindo wa huko?"

"Hapana, mama. Huku pia watu wana macho. Na jambo lingine. Sikutembea kwenda Xintang, nilipanda basi. Mmali mmoja alinilipia nauli. Jina lake nimelisahau, na hilo nalo ni aibu yangu."

Kinanda kilikuwa kimenyamaza. Nilisikia Benedicta anavuta pumzi.

"Shemeji," akasema, "pole sana. Nami nikuambie la kwetu. Siku tulipofungua lile jora tuliangaliana. Sote tuliona ni zambarau. Tuko hapa thelathini na wawili, kila mmoja na macho yake mawili, na hakuna aliyesema. Mimi nilisema kidogo, halafu nikajirudi. Zambarau tutaivaa Kwaresima. Jubilei tutavaa sare zetu za zamani. Zimechakaa, lakini zinajulikana."

Wakasema pole, mmoja mmoja, wengine kwa majina yao ili awatambue. Ilichukua muda. Mwingine akasema, "Mzee, nilidhani unajua," na Lucas akamjibu, "Hata mimi nilidhani ninajua."

Simu ilipokatika sikujua kama amepungua au ameongezeka, nilimwona tu amechoka, mwanamume wa miaka hamsini na nane mwenye jicho jekundu la sindano. Nilijisikia kumpenda, na hasira bado ipo, zimekaa pamoja kama wake wenza.

Kisha akainuka, akapapasa hadi dirishani, akasogeza uso karibu na kioo. Huku ghorofa ya kumi na mbili, na kiyoyozi kinavuma, rasharasha haisikiki kabisa.

"Mvua imeacha," akasema. "Naona kweupe. Twende kwa Mama Huang kabla haijarudi."

Mdomo wangu ulishafunguka kusema ndiyo.

"Haijaacha, Baba Kissa," nikamwambia. "Bado inanyesha."

Akabaki pale, mkono kwenye kioo. "Kweli?"

"Kweli."

"Basi tuchukue mwavuli," akasema.